Pilone nyuma ya ukuta wako: namna ya kudai haki Lubumbashi kabla saruji haijakauka

Kwetu Kampemba, komini moja ya Lubumbashi, ilianza na shimo. Jirani wa nyuma alisema anachimba choo, nasi tukaamini, mpaka lori liliposhusha vyuma vilivyosukwa kama kizimba cha kuku, virefu kuliko mtu. Choo gani hiki? Siku chache baadaye saruji ikamwagwa. Wiki ya tano pilone, yaani mnara wa simu, ilikuwa imesimama, taa nyekundu juu, gurupu ya mazuti (jenereta ya dizeli) inanguruma chini, mita 4 tu kutoka dirisha la chumba alicholala mama mkwe wangu.

Tukaenda komini, watu kama 30, tukapiga kelele kwamba antena italeta kansa. Walitupokea vizuri, wakatupa viti, na hakuna kilichofuata. Haya hapa ni yale tuliyojifunza baada ya viti vile.

Kama kwako shimo bado liko wazi, usisome kwa mpangilio. Ruka mpaka hatua ya 4, uandike barua leo, halafu urudi huku. Pilone iliyokwisha kusimama na kuwashwa ina watu wengi wa kuitetea, wakiwemo majirani zako wenyewe waliokuwa wakipanda juu ya tanki la maji kutafuta mtandao. Shimo halina mtetezi.

Hatua ya 1: Mjue unayegombana naye

Wengi hutazama laini waliyo nayo kwenye simu na kusema, "Ni hawa." Mara nyingi sivyo. Minara mingi nchini ni mali ya kampuni za minara, Helios Towers ikiwa ndiyo inayojulikana zaidi. Vodacom, Airtel, Orange na Africell hupanga nafasi juu ya mnara kama watu wanavyopanga vyumba katika parseli (kiwanja) ya mtu. Chini yao yuko mkandarasi aliyechimba, ambaye akimaliza kazi humwoni tena. Halafu yuko mwenye parseli, jirani yako, anayepokea kodi kwa dola. Barua ukiielekeza kwa asiyehusika haijibiwi, na siku zinaendelea kuhesabika.

Piga foto ya bango la ujenzi, kama lipo. Kama halipo, piga foto ya mahali ambapo lingekuwa, maana kukosekana kwake nako ni habari. Piga foto ya namba ya gari la mkandarasi na ya namba ya saiti iliyoandikwa getini. Zungumza na santinele (mlinzi) pia: yeye anajua nani anamlipa na gari la mazuti linakuja siku gani.

Kwa jirani nenda jioni, watu wawili tu, mmoja awe mzee anayeheshimika avenyu. Usiende kama askari. Yule ametia saini kwa sababu ana watoto shuleni kama wewe, na mtaendelea kuonana msibani. Mwombe tu, "Papa, tuonyeshe mkataba." Wetu alikataa mara mbili, mara ya tatu akauleta mwenyewe ndani ya sacheti. Tazama mambo matatu: nani ametia saini upande wa kampuni, mkataba unaisha lini, na kama jina la jirani ndilo lililo kwenye cheti cha kusajili parseli. Parseli ya urithi ambayo kaka mmoja ametia saini bila wenzake ni ufa mkubwa, na ufa huo wataufungua wale ndugu wenyewe, si wewe. Wajulishe tu.

Hatua ya 2: Chagua hoja, na kansa iache nyumbani

Hapa ndipo watu wanapopoteza kesi.

Mwezi Mei 2011 shirika la utafiti wa kansa lililo chini ya Shirika la Afya Duniani, IARC, liliyaweka mawimbi ya redio katika kundi la 2B, yaani "huenda" yakasababisha kansa. Neno hilo "huenda" ndilo avoka (wakili) wa kampuni atakalolisoma kwa sauti mbele ya jaji. Kisha atatoa viwango vya ICNIRP, tume ya kimataifa ya kinga dhidi ya mionzi ya aina hii, vilivyotolewa mwaka 1998 na kupitiwa upya 2020: kwa raia wa kawaida, wati 4.5 kwa mita moja ya mraba kwenye masafa ya 900 MHz, na wati 9 kwenye 1800. Vipimo vinavyochukuliwa karibu na minara kwa kawaida huwa chini sana ya hapo, kwa sababu antena hurusha mawimbi kuelekea mbele, karibu sambamba na ardhi, si kumwaga chini kama bomba la kuoga. Huna mashine ya kumpinga. Ukisimamisha kesi nzima juu ya kansa, imeanguka kabla ya saa sita mchana.

Hili halikuanzia kwetu. Marekani, sheria ya mawasiliano ya 1996 inazuia serikali za miji kuukataa mnara kwa sababu ya mionzi ikiwa mnara umezingatia viwango vya taifa. Ufaransa, ambako maavoka wetu wanapenda kuchota mifano, Februari 2009 Korti ya Rufaa ya Versailles iliiamuru Bouygues Telecom kuondoa antena huko Tassin-la-Demi-Lune, na dunia nzima ikashangilia. Lakini Mei 2012 Tribunal des conflits, korti ya huko inayoamua kesi ni ya jaji yupi, ikaweka mpaka: jaji wa madai wa kawaida hawezi kuamuru antena iondolewe kwa hoja ya afya. Kilichobaki mkononi mwake ni fidia kwa madhara, pamoja na kukomesha kero kubwa za ujirani zisizo za afya, au zinazotokana na mnara uliowekwa kinyume cha kibali. Avoka yeyote akikusomea hukumu ya 2009 bila ile ya 2012, badilisha avoka. Hukumu hizo hazimfungi jaji wa Lubumbashi, ila zinakuonyesha mlango upi uko wazi.

Mlango huo una hoja nne, na kwetu zote zina mguu wa kusimamia.

Ya kwanza ni karatasi za mazingira. Sheria namba 11/009 ya tarehe 9 Julai 2011, iliyorekebishwa 2023, katika kifungu cha 21 inadai uchunguzi wa athari kwa mazingira na jamii ufanywe na kukubaliwa kabla ya mradi wowote unaoweza kuathiri mazingira, na mawasiliano ya simu yametajwa humo kwa jina lake. Kifungu cha 24 kinadai uchunguzi wa hadhara: raia waambiwe, haki zao juu ya eneo zijulikane, na maoni yao yakusanywe. Sasa jiulize: nani alipita kwenu na daftari? Kwetu hakupita mtu. Baadaye tulionyeshwa orodha ya mahudhurio ya mkutano tusioujua, na mmoja wa "waliohudhuria" alikuwa amezikwa miezi saba kabla.

Ya pili ni kibali cha ujenzi. Arete (amri) ya wizara ya mipango miji ya Juni 2013 ndiyo inayosimamia vibali hivi. Saruji ya pilone ni ujenzi kama ukuta wa nyumba yako, na wewe ulisumbuliwa kwa ukuta, sivyo?

Ya tatu ni gurupu, na ninaamini ndiyo yenye nguvu kuliko zote. Mnara hausumbui mtu usiku wa manane. Kinachosumbua ni mashine inayoulisha umeme wa SNEL, shirika la umeme, unapokatika. Kelele, moshi, mtikisiko, mazuti yanayovuja kuelekea kisima. Kuna dekre ya tarehe 29 Mei 2013 kuhusu mitambo yenye hatari au usumbufu kwa majirani. Muulize mtu wa mazingira kama gurupu ile na tanki lake vinaingia kwenye orodha. Zaidi ya hapo kuna dekre ya zamani ya 30 Julai 1888, kifungu cha 258, ambayo kila mwanafunzi wa sheria wa UNILU, chuo kikuu chetu cha Lubumbashi, anaijua kichwani: anayemdhuru mwenzake kwa kosa lake, alipe. Hapa huhitaji profesa wa fizikia. Unahitaji mtu aliyekosa usingizi.

Ya nne ni umbali wa kuanguka: pilone ya mita 40 iliyo mita 4 kutoka paa la mtu, katika mji wenye mvua za radi kama huu. Omba mahesabu ya injinia na karatasi ya bima.

Hatua ya 3: Kusanya ushahidi kama muuza duka anavyoandika madeni

Nunua daftari la kurasa 96. Kila gurupu inapowaka, andika saa. Inapozimwa, andika saa. Na aliyeandika atie saini. Mama mkwe alifanya kazi hii kwa wiki sita, kwa kalamu ya bluu, na mahali alipoandika "4h10, imewaka, mtoto ameamka" ndipo jaji aliposimama kusoma mara mbili.

Programu ya simu ya kupima desibeli si ushahidi kamili, lakini inakupa picha. Ofisi ya Ulaya ya Shirika la Afya Duniani ilipendekeza mwaka 2009 kelele za usiku nje ya nyumba zisizidi wastani wa desibeli 40. Kipimo hicho si sheria ya Kongo, bali kinampa jaji rula ya kupimia.

Nyufa za ukuta: chora mstari wa penseli pale ufa unapoishia, andika tarehe pembeni, piga foto ukiwa umeweka sarafu au kiberiti karibu ili ukubwa uonekane. Mwezi ujao rudia pale pale. Nguo nyeupe zilizoanikwa na kupata madoa ya masizi, zihifadhi moja bila kufua.

Halafu mlete wisie. Huyu ni afisa wa mahakama anayeandika alichokiona kwa macho yake, na karatasi yake ina uzito kuliko foto zako 200. Atalipwa, kwa hiyo changeni. Mwiteni saa mbaya kwa kampuni, si saa nzuri kwake: wetu alikuja saa kumi na moja alfajiri amevaa koti juu ya pijama, akasimama ndani ya chumba, akaandika kwamba alilazimika kupaza sauti ili karani wake amsikie.

Hatua ya 4: Barua, na muhuri kwenye kopi yako

Katiba ya 18 Februari 2006 inakupa silaha mbili. Kifungu cha 53 kinasema kila mtu ana haki ya mazingira safi, na ana wajibu wa kuyatetea. Kifungu cha 27 kinampa Mkongomani haki ya kupeleka pendekezo kwa mamlaka, peke yake au na wenzake, na mamlaka inatakiwa kujibu ndani ya miezi 3.

Barua iende kwa burgumesta, mkuu wa komini, na kopi kwa mipango miji ya jimbo, mazingira ya jimbo, Agence Congolaise de l'Environnement (ndiyo inayoshughulikia uchunguzi wa athari), ARPTC inayosimamia mawasiliano, kampuni ya mnara, na shefu wa kartie. Iandikwe kwa Kifaransa, maana huko madirishani Kiswahili kinasemwa lakini hakisomwi. Ila mkubaliane kwanza kwa Kiswahili juu ya kinachosemwa, mbele ya wote, la sivyo watu watatia saini wasichokijua na siku ya kuulizwa watakukana.

Iwe fupi. Yetu ya pili, iliyofanya kazi, ilikuwa na mambo haya tu:

"Sisi wakaaji wa avenyu hii, ambao majina, namba za parseli na saini zetu zimefuatana, tunaomba: kopi ya kibali cha ujenzi, kopi ya uchunguzi wa athari na uamuzi wa kuukubali, taarifa ya uchunguzi wa hadhara pamoja na orodha ya waliosikilizwa, na kazi isimamishwe mpaka karatasi hizo zionyeshwe. Hatupingi mtandao. Tunauliza kama sheria imefuatwa."

Ile sentensi ya "hatupingi mtandao" usiiache. Bila hiyo utaitwa adui wa maendeleo kabla hujakaa.

Peleka mwenyewe, ukiwa na kopi mbili, na usitoke bila muhuri, tarehe na jina la aliyepokea juu ya kopi yako. Ukiambiwa "acha tu, nitampa mkubwa," kaa. Omba maji. Muhuri utakuja. Barua isiyo na muhuri haikuandikwa.

Jambo moja la kukataza: msiguse saiti. Vijana wetu walitaka kung'oa uzio na kumwaga mazuti. Siku mnapovunja kitu, ninyi ndio mnaoitwa kwenye parke, ofisi ya mwendesha mashtaka, na kesi inakuwa ya kuharibu mali ya mtu. Yale ya kelele na moshi hayataulizwa tena.

Hatua ya 5: Meza

Barua zenye mihuri huleta watu wenye mashati yaliyopigwa pasi. Watakuja na ahadi za mdomo, labda na mipira kwa ajili ya timu ya kartie. Mipira pokeeni mkipenda, ila saini msitoe siku hiyo.

Jueni mapema mnataka nini. Kuhamisha mnara ni gharama kubwa kwao, watapigana mpaka mwisho. Kuhamisha gurupu upande wa pili wa parseli, kuifunika kwa kasha la kuzuia sauti, kuinua bomba la moshi, kuweka betri na paneli za jua ili isiwake usiku, kujenga sakafu ya kuzuia mazuti yasivuje, kutengeneza ukuta uliopasuka, hayo yote yanawezekana, na kampuni nyingi tayari zinapenda betri kwa sababu mazuti ni ghali na yanaibiwa. Kwetu tulipoteza miezi minne tukidai "mnara wote au hakuna". Ningeanza na gurupu.

Mkikubaliana, iandikwe, iwe na tarehe ya kumaliza kazi na kiasi cha faini kwa kila siku ya kuchelewa, na atie saini mtu mwenye mamlaka ya kutia saini kwa niaba ya kampuni. Fundi wa saiti hana.

Hatua ya 6: Tribinali, na milango yake miwili

Mlango wa kwanza ni wa kupinga kibali chenyewe. Kama karatasi ipo lakini ilitolewa bila uchunguzi wa hadhara, unayeshindana naye ni mamlaka iliyoitoa, mbele ya mahakama za utawala, zinazoongozwa na sheria ya 15 Oktoba 2016. Kabla ya kwenda huko ni lazima umwandikie aliyetoa kibali ukimtaka akiondoe. Bila barua hiyo kesi hutupwa mlangoni. Muda wa kuandika ni miezi 3, nao ni wa kuhesabu kwa siku kwenye kalenda ya ukutani, si kwa kukisia. Sheria hiyo ina pia ombi la haraka la kusimamisha kibali wakati kesi inaendelea. Liombeni mapema, kwa shimo lililo wazi lina maana, kwa pilone inayowaka lina maana ndogo.

Mlango wa pili ni wa madhara: kelele, nyufa, moshi. Huko unaishtaki kampuni, na pengine mwenye parseli pia, kwa kifungu cha 258, mbele ya tribinali ya madai. Tribinali ya amani hushughulikia madai madogo; yakizidi, ni tribinali kuu, ile wanayoiita TGI. Avoka anaweza kuomba ruhusa ya kuita upande wa pili kwa muda uliofupishwa. Ombeni mambo mawili tofauti katika karatasi moja: kero ikomeshwe, na fidia ilipwe. Walioomba fidia tu walilipwa kidogo na gurupu ikaendelea kunguruma. Ombeni pia hukumu itekelezwe hata kukiwa na rufaa, kwa sababu rufaa ya kawaida husimamisha utekelezaji, na muda wa kuikata ni siku 30 tangu hukumu ifikishwe na wisie.

Nani awe mshitaki? Si watu 30. Chagueni watatu au wanne ambao madhara yao yanaonekana wazi, wenye karatasi za parseli safi au mkataba wa kupanga. Mpangaji naye ana masikio, asiachwe. Wengine wawe mashahidi na wachangie nauli. Orodha ndefu ya washitaki huleta ahirisho baada ya ahirisho, mara huyu kasafiri Kasumbalesa, mara yule mgonjwa.

Kuhusu pesa: Baraza la maavoka la Haut-Katanga lina ofisi ya kushauri bure wasio na uwezo. Omba hati ya ukosefu wa uwezo kabla ya kufungua kesi, si katikati, maana kulipia dosie, wito na wisie kunakula pesa kidogo kidogo kama mchwa. Na mweka hazina awe mtu mmoja ambaye si msemaji wa kundi. Akishika mmoja yote mawili, maneno huanza.

Hatua ya 7: Hata ukishindwa, usitupe dosie

Yetu haikuishia na pilone kuanguka. Gurupu ilihamishwa mita 11, ikavikwa kasha, na inawaka mchana tu. Ukuta ulitengenezwa kwa pesa zao. Ile taa nyekundu bado inaangaza pazia kila usiku.

Lakini kuna tarehe niliyoinakili kutoka kwenye ule mkataba wa ndani ya sacheti, ile ya kuisha kwake. Nimeiandika nyuma ya daftari la mama mkwe, na nimempa kopi shefu wa avenyu, kwa sababu mimi naweza kuwa nimehama. Jirani sasa naye analalamika moshi. Miezi sita kabla ya tarehe ile tutakwenda kwake tena jioni, watu wawili tu, na mzee.